Dirisha la Kibo: silaha ya nishati katika mlima wenye saa yake

Hadithi ninayoiandika nyakati za jioni hapa Moshi ina silaha moja tu, na silaha hiyo haina mtutu, haina risasi, wala haitoi mlio wowote inapotumika. Ni dirisha lenye upana wa mita moja na kimo cha mita moja, lililo kwenye ukuta mnene wa nyumba ya mawe juu ya Kibo, kilele kirefu kuliko vyote cha Kilimanjaro, katika ulimwengu ambao muda wa kileleni unakwenda mara 19 haraka kuliko muda wa mjini. Kifuniko chake kikiondolewa, joto la kawaida la chumba, lile lile ambalo mtu hulihisi akiwa amekaa sebuleni kwake, hutoka nje na kuwafikia walio chini likiwa mwanga mkali kama wa uso wa jua. Waliosoma sura za mwanzo wameniuliza hilo linawezekanaje, na wengine wamenishauri niachane na dirisha, niwape askari wangu bunduki za miale kama wafanyavyo waandishi wengine. Nitajibu yote mawili hapa pamoja na hesabu zake, kwa sababu sehemu kubwa ya hadithi yenyewe imezaliwa na hesabu hizo.

Ubaya wa bunduki ya miale ni kwamba mwandishi huipa nguvu kwa kauli tu. Askari anafyatua, ukuta unayeyuka, na hakuna anayeuliza nishati imetoka wapi. Katika ulimwengu ambao muda unachezewa, swali hilo lingekuwa la kwanza, kwa maana ukali wa silaha ya nishati hautegemei wingi wa nishati peke yake, bali pia urefu wa muda ambao nishati hiyo inatolewa. Tarehe 5 Desemba 2022, katika maabara ya National Ignition Facility huko California, miale 192 ya leza ilielekezwa kwa pamoja kwenye kopo dogo lililobeba kidonge cha mafuta ya haidrojeni chenye kipenyo cha milimita chache, ikalifikishia megajuli 2.05 za nishati, na viini vya atomi vikaungana na kutoa megajuli 3.15. Dunia nzima ilishangilia, na ilistahili kushangilia, lakini megajuli 2.05 hazifiki hata uniti moja ya LUKU, umeme wetu wa kulipia kabla, kwa kuwa uniti moja ni megajuli 3.6. Umeme wa kuchemshia maji ya kuoga ya familia unatosha kabisa. Kilichofanya kidonge kile kiwake si wingi wa nishati, bali ni kwamba ilimwagwa yote ndani ya nanosekunde chache, yaani sehemu chache za bilioni za sekunde.

Kuna jambo jingine la namna hiyo ambalo nimelitegemea sana. Mwaka 1985 Donna Strickland na Gérard Mourou walionyesha njia ya kuunyoosha mpigo wa leza ili uwe mrefu katika muda, kuuongezea nishati ukiwa bado umenyooshwa ili usivunje vioo vya mtambo, kisha kuubana tena hadi uwe mfupi mno na mkali mno. Kazi hiyo iliwapatia Tuzo ya Nobel ya fizikia mwaka 2018. Nilipoisoma niliona kwamba watu hawa walikuwa tayari wanatengeneza silaha ya hadithi yangu bila nia ya silaha: wanakusanya kwa utulivu, wanatoa kwa kishindo. Mtu ambaye angeweza kuubana muda wenyewe asingehitaji vioo wala leza. Angehitaji mahali pa juu ambapo saa inakimbia, mahali pa chini ambapo saa inakokota, na tundu la kupitishia mwanga kati ya mahali hapo pawili.

Mahali hapo tunapo, na kila asubuhi kukiwa hakuna mawingu tunapatazama. Saa iliyoko Uhuru, ncha ya juu kabisa ya Kibo, mita 5,895 juu ya usawa wa bahari, kwa kweli inakwenda haraka kuliko saa iliyoko ufukweni Tanga. Tofauti ni takriban mikrosekunde 20, yaani sehemu 20 za milioni za sekunde, kwa mwaka mzima, kiasi ambacho hakuna mwongoza watalii atakayekihisi, lakini kipo na kinapimika. Mwaka 1960 Robert Pound na Glen Rebka walitangaza matokeo ya jaribio lililofanyika ndani ya jengo la Chuo Kikuu cha Harvard, ambamo miale iliteremshwa umbali wa mita 22.5 tu na kukutwa imeongezeka masafa kidogo, yaani idadi ya mitetemo yake kwa sekunde, ilipofika chini, dalili kwamba saa ya chini inakwenda polepole zaidi. Saa za setilaiti za GPS, kwa sababu ya urefu wa mahali zilipo na kasi yake, zinatangulia saa zetu kwa mikrosekunde 38 kila siku, na zisiporekebishwa simu ya dereva wa bodaboda ingempeleka kilomita kadhaa mbali na mteja kabla siku haijaisha. Mimi nimechukua mwelekeo ule ule wa asili, juu haraka na chini polepole, nikauzidisha. Katika hadithi, muda ni wa kawaida kuanzia mjini hadi vibanda vya Kibo, kisha ndani ya mpaka mwembamba unaozunguka kilele unaruka hadi mara 19.

Hapo nimesema uongo mmoja, na nausema wazi kwa kuwa naamini hadithi ya aina hii ina ruhusa ya uongo mmoja tu. Mikrosekunde 20 za Uhuru na uchovu wa anayepanda ni jambo moja lililopimwa kwa vipimo viwili. Ukichukua nishati inayohitajika kuinua kilo moja kutoka baharini hadi kileleni, ukaigawa kwa nishati yote iliyomo ndani ya kilo hiyo kwa mlinganyo wa Einstein, unapata sehemu ile ile ambayo saa ya juu inaizidi saa ya chini. Maana yake ni kwamba mlima wa mara 19 ungemdai mpandaji, kwa kila kilo ya mwili wake, mara 18 ya nishati yote iliyomo ndani ya kilo hiyo. Hakuna ugali wa kulipia deni hilo. Kwa hiyo nimeamua kwamba watu, mizigo na kamba huvuka mpaka bila kudaiwa, na ni mwanga peke yake unaofuata sheria. Baada ya hapo sijiruhusu uongo mwingine.

Mwanga unaofuata sheria hufanya hivi. Taa ikiwashwa juu kwa sekunde 19 za juu, aliye chini anauona mwanga wote ukifika ndani ya sekunde moja yake, kwa hiyo chembe za mwanga zinamfikia zikiwa zimesongamana mara 19. Si hivyo tu, kila chembe nayo inafika ikiwa na nishati mara 19 ya ile iliyokuwa nayo ilipotoka, kwa sababu mawimbi yake pia yamebanwa. Mara 19 kwa mara 19 ni mara 361, na kwa kiasi hicho ndicho ukali wote unaongezeka.

Wapo walionishauri niongeze tofauti ya muda iwe mara 1,000, ili silaha iwe ya kutisha zaidi. Kwenye karatasi inatisha kweli: tochi ya wati 3 ingefika chini na wati milioni 3. Lakini mwanga wake wa kawaida ungekuwa umebanwa hadi kuwa eksirei laini, na eksirei ya aina hiyo humezwa na hewa ndani ya sentimita chache. Mpaka wa muda ungewaka moto, na adui aliyesimama mita 50 mbele angenawa uso kwa upepo wa joto na kuendelea kupanda. Silaha ya mwanga inahitaji mwanga unaopenya hewa, na mwanga unaopenya hewa vizuri kuliko wote ni huu huu wa jua, ambao macho yetu yamezoea kuutumia.

Namba 19 inatoka hapo. Kila kitu chenye joto hutoa mionzi, hata mkono wako, isipokuwa mionzi ya vitu vya joto la kawaida ina mawimbi marefu ambayo jicho haliyaoni. Kitu hicho kikitazamwa kutoka mahali ambapo muda ni wa polepole mara kadhaa, kinaonekana kana kwamba joto lake limezidishwa kwa idadi hiyo hiyo, likihesabiwa kwa kelvini, yaani kuanzia sifuri kamili. Makaa yaliyokolea kwenye jiko yana joto la kama kelvini 1,070. Ukiyatazama kutoka mahali ambapo muda ni wa polepole mara tano na kitu, yanang'aa kama uso wa jua, wenye takriban kelvini 5,770. Chumba chenye nyuzi 20 za Selsiasi kina kelvini 293, na 293 mara 19 ni 5,567. Mwili wa binadamu una kelvini 310, na 310 mara 19 ni 5,890, juu kidogo ya jua. Nilipofika hapo nililiacha wazo la mtambo wowote ule. Katika mlima kama huo askari hana haja ya kubeba silaha, kwa kuwa yeye mwenyewe, akiwa hai na mwenye afya, anatosha kumpofusha ndugu yake aliye chini. Kinachohitaji ufundi ni ukuta wa kumzuia asionekane.

Sheria hiyo hiyo inafanya kilele kiwe cha ajabu. Mwaka 1930 mwanafizikia Richard Tolman alionyesha kwamba mahali pawili penye muda tofauti pakiachwa pabadilishane joto kwa muda mrefu, hapatulii kwenye joto moja: kule ambako saa inakwenda haraka ndiko kunakobaki na baridi zaidi, kwa uwiano ule ule wa saa. Gawa kelvini 290 za Moshi kwa 19, unapata kelvini 15, ambayo ni nyuzi 258 chini ya sifuri. Naitrojeni huganda kwenye kelvini 63, na oksijeni huganda kabla ya kufika 50. Kwa hiyo theluji ya Kibo katika hadithi yangu si maji. Ni hewa yenyewe iliyoganda, inayochotwa kwa koleo na kuingizwa ndani kwenye ndoo ili iyeyuke polepole kando ya jiko, watu wapate kupumua. Upepo hauachi kuvuma kuelekea kileleni, kwa sababu kila hewa inayovuka mpaka inaanguka chini na kuacha nafasi. Jua nalo, likitazamwa kutoka ndani, limepoa hadi kuwa kitu chenye joto pungufu kidogo ya joto la mwili wa binadamu. Halionekani kwa macho, na kinachofika kutoka kwake ni sehemu moja kati ya 361. Kule juu ni usiku siku zote. (Naona jinsi inavyochekesha kuandika juu ya mlima unaorundika theluji, wakati Kibo chetu halisi kilipoteza zaidi ya asilimia 80 ya barafu yake kati ya mwaka 1912 na 2007.)

Sasa nyumba yenyewe. Ina kuta za mawe zenye unene wa mikono miwili, zimejazwa pumba na sufi katikati ili joto lisivuje, maana ukuta ukivuja joto unaanza kung'aa kwa nje na Moshi nzima inajua fundi alizembea wapi. Ndani wanakaa askari 10. Dirisha likifunguliwa linapoteza joto la kama wati 418, ambalo ni joto la miili ya watu wanne waliokaa kimya. Jiko dogo linalifidia bila shida. Kwa walio nje, wati 418 zimekuwa kilowati 151. Na jambo ambalo sikulitafuta bali hesabu zilinipa bure ni kwamba mwanga huo hautawanyiki. Unapovuka mpaka unaongezewa nishati katika mwelekeo wa kutoka tu, si wa kwenda pembeni, kwa hiyo unanyooka na kuwa mfano wa faneli nyembamba ambayo kila upande wake umeinama digrii tatu tu. Dirisha limejitengenezea mwali bila kioo wala lenzi.

Ukali wake unategemea umbali. Mtu aliye mita 10 kutoka mpakani anapigwa na makumi ya kilowati kwa kila mita ya mraba, wakati jua la saa sita mchana linatoa kama kilowati moja. Nguo zinashika moto kabla hajageuka. Akiwa mita 100 anapata kilowati 1.7, yaani jua na zaidi ya nusu ya jua jingine, jambo la kuudhi na la kumlazimisha kufunga macho, lakini si la kuua. Mjini, kilomita kama 30 kwa mstari ulionyooka, mwali umepanuka hadi kipenyo cha takriban kilomita tatu na umebaki mwanga tu, mkali mara kadhaa kuliko mwezi mpevu. Hapo nikapata historia ya silaha yangu bila kuitafuta. Dirisha halikujengwa kwa ajili ya vita. Lilijengwa ili kuumulika mji usiku, kuanzia stendi hadi Majengo hadi soko la Mbuyuni, na wazee katika hadithi wanakumbuka miaka ambayo wanawake waliuza ndizi hadi usiku wa manane bila kibatari. Ilikuwa ni baada ya watu kugombana juu ya nani alipwe kwa mwanga huo ndipo mtu akakumbuka kwamba wanaopanda kuja kudai wanapita mita 10 mbele ya dirisha.

Udhaifu mkubwa wa silaha hii ni kwamba mwenye kuitumia haoni. Mwanga unaopanda unapoteza kile ambacho mwanga unaoshuka unapata. Taswira ya adui aliyesimama juani inafika ndani ikiwa mionzi dhaifu mno ya joto, na askari akichungulia anaona giza. Anachopigana nacho ni giza hilo. Ana faida ya muda, hiyo siikatai: mtu anayekimbia mita 100 kwa sekunde 15 za nje anachukua karibu dakika tano za ndani, kiasi cha kutosha kwa askari kumaliza chai yake. Lakini faida ya muda haimsaidii asiyejua adui yuko wapi. Sauti haimfikii kwa kuwa hewa ya nje ya nyumba imeganda. Kwa hiyo kuna kamba. Inatoka ndani ya nyumba, inavuka mpaka, inaishia kwenye kibanda kilicho nje ambako mlinzi mwenye macho anakaa na kuivuta: mara moja fungua, mara mbili funga. Nilitaka mlinzi huyo awe mwanajeshi, lakini hakuna mwanajeshi aliyezoea kukaa pale. Wanaozoea ni wapagazi, ambao sisi hapa tunawaita wagumu.

Jirani yangu, fundi wa umeme, alisoma hadi hapo akaniwekea karatasi mezani. "Kaka, huu si mtambo wa vita. Huu ni mtambo wa kuuza umeme. Ukichoma mkaa wa uniti moja juu, chini zinashuka uniti 19. Nani atapigana wakati anaweza kuuza?" Yuko sahihi, maana ukali ni mara 361 lakini unadumu sehemu moja tu kati ya 19 ya muda, na ndiyo gharama ya uongo wangu: niliposema mizigo haidaiwi kupanda, niliufungulia mlima bomba la nishati ya bure. Sikuweza kuliziba bila kuvunja kila kitu, na sikutaka kuingiza sheria ya pili ya kubuni. Nikatafuta kama kuna deni ambalo tayari limo ndani ya hadithi na halijalipwa. Lilikuwepo, na lilikuwa wazi. Anayekaa juu anazeeka.

Askari anayeingia kwenye nyumba ile akiwa na miaka 20 na kukaa mwaka mmoja wa Moshi anatoka akiwa na miaka 39. Hakuna atakayekubali. Kwa hiyo mikataba ni ya wiki moja, na wiki moja ya Moshi ni siku 133 za ndani, miezi minne na zaidi ya kula, kulala, kuchota hewa na kunyoana kwa zamu kwenye mwanga wa koroboi. Mama anampeleka kijana wake hadi geti la Marangu siku ya Jumatatu. Jumatatu inayofuata anampokea akiwa na ndevu, amesahau jina la mbwa wa jirani, na viatu alivyonunuliwa wiki iliyopita vimekwisha visigino. Nimekaa sana kwenye tukio hilo la viatu kwa sababu naona ndilo linalomfanya mama aelewe kilichotokea kuliko ndevu. Ndevu zinaweza kuota wiki moja kwa mwenye haraka, lakini soli haziishi hivyo.

Kisha likaja suala la mshahara. Mwajiri analipa kwa saa ipi? Anayekaa mjini atasema kwa saa ya mjini, kwa kuwa kwenye daftari lake kijana hakuwepo kazini kwa siku saba tu. Anayechota hewa kwa koleo atasema kwa siku alizochota. Hesabu ya jirani inaonyesha kwamba uniti 19 zinazoshuka si za bure hata kidogo. Zimelipwa kwa siku 19 za maisha ya mtu, ambaye amelipwa siku moja. Sikuhitaji kubuni uonevu mwingine wowote.

Ili kuandika upande wa wagumu nilikwenda kwa mjomba wangu anayeishi Machame, ambaye alibeba mizigo mlimani kwa miaka mingi kabla magoti hayajamkatalia. Baada ya shikamoo na chai nilimweleza kuhusu nyumba, dirisha na muda, na yeye akasikiliza bila kushangaa hata kidogo, huku akisugua nyuma ya shingo mahali ambapo mzigo huegemea. Alichotaka kujua ni uzito. "Sasa mjomba, hao watu kumi wanakula nini, na nani anawapandishia?" Akanieleza jinsi ilivyo getini, mizigo ikining'inizwa kwenye mizani mmoja baada ya mwingine, kilo 20 ndiyo mwisho kwa mtu mmoja, na jinsi sufuria inavyotolewa kwenye mzigo uliozidi ikafungwa kwenye mzigo wa kijana mwingine ambaye alidhani amebahatika kupata mwepesi. Alikuwa anahesabu huku anasema. Nusu kilo ya unga kwa mtu mmoja kwa siku, kwa watu 10, ni kilo tano.

Nikamkumbusha kwamba kila siku ya Moshi ni siku 19 kule ndani. Akanyamaza kidogo, akasema, "Basi ni kilo tisini na tano. Wagumu watano kila siku kwa unga peke yake, na hujataja maharage, chumvi wala mkaa."

Jibu hilo lilinipa vita nzima. Nilikuwa nimetafuta silaha ya kulijibu Dirisha na sikuipata, kwa kuwa mwanga unaorushwa juu unafifia mara 361, na kioo hakisaidii mita 10 mbele ya jua. Lakini silaha inayokaa kwenye muda wa haraka inakula kwa muda wa haraka pia. Wagumu wakiweka mizigo chini siku mbili tu za Moshi, ndani ya nyumba zimepita siku 38. Ghala likiwa na akiba ya wiki mbili za ndani, ambayo ni kilo 70 za unga, limeisha kabla siku ya kwanza ya mjini haijatimia. Mgomo mfupi kuliko msiba unatosha.

Jirani alisema askari wenye njaa watafungua dirisha hata bila kuvutiwa kamba, wapige gizani kwa kubahatisha. Watafungua, nimekwisha kuandika hivyo. Ila mwali wa digrii tatu, mita 100 kutoka mpakani, una nusu kipenyo cha mita tano na kidogo, na dirisha halizunguki kwa kuwa limejengwa ndani ya ukuta. Wagumu wanajua linapotazama kwa sababu wamepita mbele yake maisha yao yote. Wanakaa kando ya njia, nyuma ya mawe, wanatafuna mahindi ya kuchoma na kuangalia kokoto za njiani zikipasuka kwa joto. Aliyeshika kamba yuko pamoja nao.

Kilichobaki kuandikwa ni mapatano. Mwajiri ametuma mtu getini na pendekezo la kulipa siku 10 kwa kila siku moja ya mjini, na kwamba uzito ubaki kilo 20. Jirani anaona wangekubali, kwa kuwa 10 ni nyingi kuliko moja na nyumba yenyewe bado inahitaji watu. Mjomba amesema akisoma kwamba walikubali 10 hatasoma sura nyingine. Wiki hii naandika upya hotuba ya msemaji wa wagumu, nikijaribu kumfanya aeleze suala la saa mbili bila kutumia neno lolote la fizikia, kwa vile yeye hajui fizikia. Anajua tu viatu vya vijana wake vimeisha lini.